Radhi Ambayo Hadija Hakuniomba

Naandika haya nikiwa nimetoka kula wali na samaki wa kukaanga, nikashiba, nikacheua. Kwa mtu mzima hilo si jambo la kutangaza. Lakini kwa mtu ambaye harufu ya samaki ilimfukuza jikoni kwake miezi na miezi, ni habari kubwa. Kwa hiyo wewe uliyeambiwa juzi kwamba una saratani ya ziwa, na sasa unasoma hapa huku mkono mmoja unapapasa kifua, anza na hilo: kuna siku utakula ushibe. Mengine nitakueleza taratibu.

Naitwa Zuhura. Ni fundi cherehani hapa Bagamoyo mjini, na sare za shule ndizo zinazoniweka mjini. Tulizaliwa Mlingotini, watoto wanne. Mkubwa ni kaka Shomari, mkulima wa Vigwaza, aliyetulea baada ya baba kufariki. Mpaka leo akikohoa sote tunanyamaza. Anayemfuata ni dada Mwanaidi, mama lishe wa Chalinze, ambaye madereva wa malori wanamheshimu kuliko trafiki. Kisha mimi. Kisha Hadija, tuliyeachiana ziwa. Yeye alibaki Mlingotini kwenye nyumba ya mama, analima mwani, na ndiye aliyemuuguza mama mpaka mwisho.

Mimi na Hadija tulikuwa hatusemezani. Ukiniuliza sababu nitaona haya, lakini nimeahidi nafsi yangu kusema kweli: tuligombania mbuzi ya kukunia nazi ya marehemu mama. Mbuzi yenyewe jino lina kutu. Arobaini ya mama ilipokwisha, kila mmoja alisema mama alimwahidi yeye, maneno yakazaa maneno, na tangu hapo tukawa tunasalimiana kwenye misiba tu. Wahenga walisema ndugu wakigombana chukua jembe ukalime, wakipatana chukua kapu ukavune. Majirani zetu walikuwa wameshalima, wamepalilia, wanangojea mvua.

Uvimbe niliuona wakati wa kuoga, mvua za vuli zikianza. Ulikuwa mgumu kama kokwa ya tende. Zahanati wakanipeleka hospitali, hospitali wakanipeleka Dar es Salaam, na Dar es Salaam wakanikalisha kwenye benchi.

Hayo mabenchi nakuambia uyajue mapema. Ni marefu, ya mbao, na yamelainishwa na makalio ya watu wenye hofu. Televisheni iko ukutani, picha inatembea bila sauti. Kila mtu amekumbatia bahasha yake kubwa ya picha. Siku za mwanzo hakuna anayemtazama mwenzake, kila mtu anadhani yeye amekuja kwa bahati mbaya tu, wagonjwa wenyewe ni wale wengine. Nilikaa hapo tangu asubuhi hadi adhana ya alasiri, nikaitwa.

Daktari alikuwa binti mdogo, sauti ya upole. Akaniuliza, "Mama, umekuja na nani?"

Nikamjibu, "Nimekuja na Mwenyezi Mungu."

Akasema, "Vizuri. Safari nyingine uje na ndugu pia."

Hapo ndipo nilipojua. Majibu yenyewe aliyonieleza baadaye yalikuwa ya kuthibitisha tu.

Niliwapigia simu wakubwa zangu. Dada Mwanaidi neno lake la kwanza lilikuwa, "Nani kakuroga?" Nilimwambia hakuna aliyeniroga, ni ugonjwa, akasema hivyo ndivyo wanavyosema wote waliorogwa. Kaka Shomari alikuja na kombe: aya zilizoandikwa kwa zafarani kwenye sahani nyeupe, zikaoshwa kwa maji ya waridi, nikanywa. Sikubishana naye. Nilikunywa kombe lote, nikaramba na midomo, kisha tarehe ya hospitali ilipofika nikaenda hospitali. Nawe ukiletewa, kunywa, usimvunje mtu moyo. Ila hospitali usiache.

Ikapangwa nikatwe ziwa. Na hapa ndipo penyewe nilipotaka kufika, maana kisu hakikuniumiza kama kilichotokea kabla ya kisu.

Huku kwetu mtu akikabiliwa na jambo kubwa, safari ya hija, uzazi wa taabu, operesheni, ndugu hukutana wakatakana radhi. Kila mmoja husema aliyomkosea mwenzake, huomba msamaha, husamehewa, ili yeyote atakayeitwa na Mola wake asiende na kinyongo. Ni mila nzuri. Mimi mwenyewe nimeshiriki mara nyingi, nikiwa upande wa wazima. Sikuwahi kufikiria inasikikaje kwa yule aliyekaa katikati.

Kaka Shomari alikuja Ijumaa baada ya swala, amevaa kanzu aliyoipiga pasi. Dada Mwanaidi alikuja na maandazi na mtandio mweusi. Waliposoma dua wakamaliza, kaka akakohoa.

"Zuhura mdogo wangu," akasema, "unaikumbuka ile kofia ya baba, ya kushonwa kwa mkono, iliyokutwa imetumbukia chooni?"

"Naikumbuka kaka. Si ndiyo niliyochapwa kwa ajili yake?"

"Niliivaa mimi. Nikainama, ikaanguka. Uniwie radhi."

Nilitaka kucheka, lakini uso wake ulikuwa wa mtu aliye makaburini. Nikamwambia nimemsamehe. Akapumua kama aliyetua gunia la mahindi.

Ikaja zamu ya dada Mwanaidi. Yeye alianza kulia kabla ya kusema. "Yule mwalimu aliyeleta posa kwako kutoka Saadani, hukujiuliza kwa nini hakurudi? Shangazi yake alinikuta kisimani, akaniuliza kama una mtu. Nikamwambia umeshachumbiwa. Mimi mkubwa nilikuwa bado sijapata mchumba, Zuhura. Niliona haya nipitwe na mdogo."

Masika nzima nililia kwa ajili ya mwalimu yule. Nilikonda mpaka mama akadhani nina malaria. Nilimtazama dada yangu, mama wa watu, bibi wa wajukuu, machozi yanamtiririka mpaka kidevuni, na operesheni ni Jumatatu. Ungefanya nini? Nikasema, "Nimekusamehe dada. Duniani na akhera."

Ningejua nitapona, ningeomba muda wa kufikiri.

Basi aliyebaki ni Hadija, na Hadija hakuja. Nilikuwa nikitazama mlango tangu kwenye dua. Sikumtaka aje kwa ajili ya mbuzi ya nazi, mbuzi angeichukua na jino lake. Nilichoogopa ni kimoja: nife huku mtoto niliyembeba mgongoni, niliyemfundisha kufunga kanga, hasemi nami. Hilo ndilo lililokuwa likininyima usingizi, zaidi ya ziwa.

Kaka akampigia simu, akaweka sauti ya nje.

"Shikamoo kaka."

"Marahaba. Hadija, dada yako anaingia chumba cha upasuaji Jumatatu. Sisi tuko hapa kwake. Njoo mtakane radhi."

Nilisikia kuku wa Mlingotini wakilia nyuma yake.

"Sina radhi ya kumwomba," akasema. Simu ikakatika.

Dada Mwanaidi akashika mdomo. "Astaghfirullah! Huyu mtoto ana roho gani?" Kaka Shomari aliichomeka simu mfukoni na kusema tumwachie Mungu. Nami nikasema tumwachie Mungu, nikaenda chumbani kukunja nguo za hospitali, nikalia ndani ya begi.

Nilizinduka kwenye wodi, mdomo mkavu, na mkono wangu ukaenda wenyewe kifuani. Bandeji, na chini ya bandeji tambarare. Ubavuni walikuwa wameniwekea mpira mwembamba unaotoa maji mekundu kwenye kichupa. Nilitembea na kichupa hicho kama mtoto na kibuyu cha uji. Mkono wa kulia ulikataa kupanda juu ya bega, na mimi ni fundi, mkono huo ndio unaonilisha. Hujafa hujaumbika, nilijiambia, na neno hilo nililisema kwa hasira.

Kaka na dada walikuja kunitazama. Walikuja, siwezi kuwasingizia. Lakini walizungumza kwa sauti ya chini, wakaniita "mgonjwa wetu", wakawa wanapeana macho. Nilielewa polepole: watu hawa wameshaniaga. Walishasema yao, wakasamehewa, roho zao nyeupe. Kilichobaki ni mimi kutimiza upande wangu. Kwa hiyo nilipotoka na kuambiwa kwamba bado kuna dripu za saratani, nyingi, na kila moja niende na mtu, kaka akakumbuka palizi na dada akakumbuka wateja. Sikuwalaumu. Mtu humzika mwenzake mara moja.

Asubuhi ya dripu ya kwanza nilikuwa nimeshavaa, nimekaa ukingoni mwa kitanda, najiuliza nitarudije peke yangu. Joto la kaskazi lilikuwa limeanza kuchoma mapema. Nikasikia hodi.

Alikuwa Hadija. Ana kapu, chupa ya chai, na uso wa mtu aliyekuja kudai haki yake.

"Shikamoo."

"Marahaba," nikasema.

"Viatu hivyo vitakubana miguu ikivimba. Vaa ndala. Tutachelewa."

Ndiyo hayo tu. Hakuniuliza habari za ziwa, hakutaja simu, hakutaja mbuzi. Nilimfuata kama mimi ndiye mdogo.

Tangu siku hiyo, Hadija akiwa amehamia kwangu, nahesabu maisha yangu kwa dripu. Ya kwanza, nywele zilibaki kwenye mto. Nilipozishika zikatoka fungu zima bila maumivu. Hadija akachukua wembe, akaninyoa uani, na katikati akasema kichwa changu kina bonde na ndiyo maana siku zote hesabu zilinishinda. Ya pili, kucha zikawa nyeusi na kila chakula kikawa na ladha ya sarafu. Hapo ndipo samaki waliponikataa, mimi mtoto wa Mlingotini! Hadija alikuwa akipika uji wa ulezi na kuniwekea mbele.

"Sitaki," nikasema.

"Mgonjwa haulizwi uji. Fungua mdomo."

"Umechoma."

"Basi kunywa ulioungua. Sikuja hapa kukubembeleza."

Tuligombana kwenye mabenchi ya hospitali mpaka wenzetu wakawa wanatungojea tufike wacheke. Maana mabenchi nayo hubadilika, nakuambia. Baada ya dripu mbili tatu utawajua watu. Utajua nani mgeni kwa jinsi anavyokumbatia bahasha, na utamsogezea nafasi. Mama mmoja wa Singida alikuwa akitugawia karanga. Mwingine alikuwa na vilemba vya kila rangi na alikuwa hodari wa kutufunga vipya tukiwa tumekaa. Akikosekana mmoja siku yake, hatuulizi kwa sauti. Na akitokea wiki inayofuata kumbe alikuwa amechelewa usafiri tu, benchi zima linapiga vigelegele mpaka muuguzi anatoka kutunyamazisha.

Nikajishonea ziwa. Nilichukua kitambaa laini, nikajaza pamba, likawa jepesi mno, likapanda mpaka shingoni. Nikalifumua nikatia na mchele kidogo ili litulie. Hadija akalipima mkononi. "Zuri," akasema. "Siku wageni wakija ghafla unalipika." Nilicheka mpaka mshono ukauma. Ilikuwa mara ya kwanza kucheka tangu vuli. Wenzangu wa benchi wakataka nao, nikashona kwa mkono wa kushoto na wa kulia ukisaidia kidogo kidogo, na hivyo ndivyo mkono wangu ulivyorudi juu ya cherehani.

Lakini moyoni nilikuwa namngoja. Kila asubuhi nilidhani leo ndiyo atasema. Kaa kitako, dada, nina neno. Hakusema. Aliniogesha, alinibeba, alinitukana, radhi hakuomba.

Masika ikaingia. Baada ya dripu moja homa ilinishika, nikatetemeka mpaka kitanda kikatetemeka, nikalazwa. Damu ilikuwa imeshuka. Mchana mmoja mvua inapiga kwenye bati la wodi, Hadija yuko kwenye kiti ananipepea, nikaona bora niseme mwenyewe kabla ulimi haujawa mzito.

"Hadija. Kama nimekukosea, naomba radhi. Na mimi nime—"

Alisimama ghafla, kipepeo kikaanguka. "Nyamaza!"

"Mdogo wangu—"

"Nimesema nyamaza! Sikusamehe, na usinisamehe. Ukitaka kufa kafe hivyo hivyo, uone kama utakwenda."

Mgonjwa wa kitanda cha pili akageuka kututazama. Hadija alitoka nje, nikamwona dirishani amesimama barazani, mgongo unamtikisika. Aliporudi macho yalikuwa mekundu. Akakiokota kipepeo, akakaa, akawa ananipepea kwa nguvu kama anawasha mkaa.

"Mama nilimwomba radhi asubuhi," akasema, bila kunitazama. "Nyinyi mlikuwa njiani. Nilipiga magoti nikamwambia, mama, nimekuuguza lakini kuna siku nilikufokea, kuna siku nilichelewa kukugeuza, niwie radhi. Akasema, nimekuwia radhi mwanangu, nenda salama. Kasema mimi ndiye niende. Adhuhuri akaenda yeye. Alikuwa ananingoja mimi tu, dada. Kama nisingemwomba angebaki."

Niligeuza kichwa kwenye mto nimtazame.

"Siku ile nilikuja," akaendelea. "Mliponipigia simu mlidhani niko Mlingotini? Nilikuwa nyuma ya nyumba yako, kwenye banda la kuku la jirani. Niliwasikia wote. Kofia, mwalimu, wote. Nikasema hapana. Hawa wamemfungulia mlango. Wacha mimi niushikilie."

Nilimwomba anipe mkono, akanipa. Mkono wake ulikuwa na magamba, chumvi ya mwani ilikuwa imeula. Nilitaka kumwambia kwamba mama alikuwa amechoka, kwamba hakumuua mtu kwa kupiga magoti. Nilimwambia baadaye, mara nyingi, na kaka Shomari akamwita hata shehe aje amweleze. Siku ile nilisema tu, "Basi. Nimenyamaza." Homa ilishuka baada ya siku kadhaa. Madaktari walinitia damu na dawa, nami siwanyimi haki yao.

Kipupwe kilipofika nikamaliza mionzi. Ngozi ya kifua ilikuwa nyeusi na ngumu kama ukoko wa wali, kisha ikabanduka, chini ikatoka ngozi mpya ya kitoto. Nywele zikarudi laini, zimejikunja tofauti na za zamani. Kaka na dada walianza kuja tena na sauti zao za kawaida. Dada Mwanaidi sasa anaponiona mzima huangalia pembeni, na mimi, Mungu anisamehe, kila nikimtembelea Chalinze huuliza kama kuna basi la Saadani. Nilimsamehe. Sikusema sitamtania.

Siku ya majibu ya mwisho yule daktari binti alizitazama picha upande huu na upande ule. Safari hii hakuniuliza nimekuja na nani, maana Hadija alikuwa ameshavuta kiti na kukaa kabla yangu. Daktari akasema hawaoni kitu. Akasema nirudi baada ya miezi kadhaa waniangalie, ila kwa sasa niende zangu nikashone.

Tulitoka. Hadija alifika kwenye benchi la kwanza, akakaa. Akafunika uso kwa ushungi akalia, kilio cha mtoto, cha kamasi. Mama wa Singida alidhani ni habari mbaya, akaanza kutusogelea na karanga zake. Nilimpungia mkono kwamba ni heri, ni heri, na benchi zima likalipuka vigelegele.

Alipomaliza alijifuta, akavuta pumzi, akanigeukia. Macho yake yalikuwa yametulia kama ya mtu aliyefika nyumbani.

"Dada," akasema. "Sasa umepona. Sasa naweza. Naomba u—"

Nilimziba mdomo kwa kiganja, mbele za watu wote.

"Usithubutu," nikamwambia.

Alinitazama juu ya vidole vyangu, kisha nikahisi mdomo wake unacheka ndani ya mkono wangu.

Mpaka leo mimi na Hadija hatujatakana radhi, na alhamdulillahi, sote wawili ni wazima.